Mjumbe wa Dada Veridiana

Siku salamu za dada yangu zilipokatika, nilidhani simu ndiyo mbovu. Nikaizima, nikaiwasha, nikaifuta kwa pindo la shati, nikaipiga kofi la mgongoni kama tulivyokuwa tukiipiga redio ya baba kule Lupembe. Wapi. Salamu za watu wengine ziliingia bila shida: za chama cha wakulima wa mpunga, za kanisani, hata za binamu mmoja wa Mlimba ambaye sijawahi kumpenda. Za Dada Veridiana tu ndizo hazikuja, wala kesho yake, wala siku iliyofuata.

Kwa mtu mwingine hilo si jambo. Kwangu lilikuwa jambo kubwa, na nitasema kwa nini, maana sitaki nionekane mzee mwenye wasiwasi wa bure.

Mke wangu Atuganile alifariki mwaka juzi, wakati wa mavuno. Tulimzika hapa hapa Ifakara, nyuma ya nyumba, upande wa mfereji. Watu walipoondoka nikabaki na viti vya kukodi na masufuria ya jirani. Basi simu ikalia, na dada yangu akaanza kuzungumza kwa ile sauti yake nzito yenye mikwaruzo.

"Kasto," alisema, "leo usijilazimishe kulala. Kaa tu. Upande wake wa kitanda uache ulivyo. Kesho chemsha chai ya watu wawili kama kawaida, unywe kikombe chako, na cha kwake ukimimine kwenye ule mlimao wake. Fanya hivyo mpaka siku mkono wako wenyewe utakapopima maji ya mtu mmoja. Hakuna anayekuharakisha."

Nilifanya hivyo. Mlimao ulikunywa chai miezi saba, na mimi nikabaki hai. Mchungaji alikuwa amenihubiria, watoto walikuwa wamenipigia simu za video kutoka huko waliko, lakini aliyeniinua mimi kitandani ni Dada Veridiana. Nasema hivyo bila aibu.

Na kila asubuhi, kabla na baada ya hapo, alianza vile vile: "Marahaba." Kabla sijasema shikamoo. Huo ulikuwa uchokozi wake tangu tukiwa watoto. Nikichelewa kumwamkia, anaitikia kwa nguvu mbele ya wageni ili nione haya. Mama alikuwa mkali sana kwa salamu. Akikutuma umsalimie shangazi, unakwenda kwa miguu mpaka kwa shangazi, unazifikisha, unarudi na majibu, na bila majibu hupewi ugali. Salamu zetu zilikuwa na vumbi la njiani. Basi nilipokuwa nasikia "marahaba" ile simuni, nilikuwa naona kabisa ule uwanja wetu wa udongo uliofagiliwa, na dada amesimama mlangoni mikono kiunoni.

Najua mtakaloniuliza. Siku hizi kila nyumba ina mjumbe, yule msaidizi anayekaa ndani ya kompyuta ya mwenye nyumba, anayesalimia ndugu, kutoa pole na kupongeza waliozaa, kwa sauti ya mwenyewe. Na siku hizi si adabu kumwuliza mtu kama salamu zake ni za mdomo wake au za mjumbe. Ni sawa na kumwuliza mwenyeji kama chakula kapika yeye au kanunua. Mimi mjumbe nilimkataa tangu walipoanza kugawa, namjibu kila mtu kwa mdomo wangu. Na kwa dada sikuwahi kuuliza. Ningeuliza nini, na marahaba ile niliijua?

Kwa hiyo salamu zilipokatika nikapanda treni kwenda Makambako.

*

Treni za sasa hazina dereva wala kelele, zinapanda milima ya Mlimba kama zinateleza. Nilikaa na mchele wa zawadi magotini nikawa najipanga maneno. Maana niseme ukweli, mimi na dada tulikuwa hatujaonana uso kwa uso miaka kumi na moja.

Ugomvi ulikuwa wa kaburi la baba. Baba alifia kwangu, mvua za mwaka ule zilikata reli na barabara, na kikao cha ukoo kikaamua azikwe Ifakara badala ya Lupembe. Mimi ndiye niliyetumwa kutangaza uamuzi. Dada alifika siku ya tatu, amelowa, akakuta udongo umeshasawazishwa. Hakulia. Alisema, "Umemfukia baba yangu kama mtu anayeficha kitu," akageuka akarudi alikotoka. Mpaka leo naona kikao kiliamua sawa, lakini uso wake ule sikuusahau. Wiki ileile salamu zake za asubuhi zikaanza kuingia, nikasema moyoni, dada kanisamehe, ila hataki kuonekana kasamehe. Nikamwacha na heshima yake. Hata hakuja kwenye maziko ya Atu, nikadhani ni kaburi lile lile linamzuia kukanyaga kwangu.

Makambako kulikuwa na ule upepo wake, na mapanga ya umeme wa upepo yanazunguka juu ya kila kilima. Nyumba ya dada niliitambua kwa pazia la kufuma mlangoni. Nikabisha hodi.

Alifungua, akanitazama. Amezeeka, amekonda shingo, lakini macho ni yale yale ya kukagua.

"Shikamoo dada."

Alikawia kidogo. "Marahaba." Kisha akachungulia nyuma yangu kama anatafuta watu wengine. "Nani kafa?"

Nikacheka. "Hakuna aliyekufa. Nimekuja kukuona. Mimi nilidhani wewe ndiye umekufa."

"Nife mimi, wakati bado nina oda za watu?" Akanipokea mchele, akaupima uzito kwa mkono. "Ingia basi, unaniingizia upepo."

Sebuleni kila kitu kilikuwa kimevikwa vitambaa vya kufuma: viti, televisheni, jagi la maji, hata saa ya ukutani. Ndiyo kazi yake, anafuma na kuuzia watu wa nje. Alinimiminia chai, akakaa mbele yangu, akawa anaikunja kanga yake na kuikunjua. Niliona ana furaha na hataki nijue.

"Umenenepa," akasema.

"Sijanenepa, ni koti."

"Koti lina tumbo siku hizi." Akanywa chai yake. "Na wifi yangu? Umemwacha na nani? Hajambo lakini?"

Kikombe kilikuwa mdomoni mwangu. Nikakishusha. Wazo la kwanza lililonijia ni kwamba uzee umemkamata dada, anasahau. Roho iliniuma kwa ajili yake. Nikawa natafuta namna ya kumkumbusha taratibu, lakini yeye alikuwa ameshaendelea.

"Kitambaa chake kipo kabatini, kile cha meza, cha maua ya njano. Nilikuwa nimebakiza pindo tu tulipogombana. Nikakaa nacho. Nikasema, siku atakapokuja huyu mwenye kichwa kigumu atambebea mkewe." Akaangalia dirishani. "Miaka kumi na moja, Kasto. Hata salamu. Ungenisalimia mara moja tu, mimi ningekuja kwa miguu."

Nilimsalimia kila siku. Kila asubuhi, miaka yote hiyo, nilikaa kizingitini nikamwambia dada yangu habari za mpunga, za goti langu, za Atu alipoanza kuumwa. Na mtu huyu aliyekaa mbele yangu hakuwa amesahau kitu. Hakuwahi kuambiwa.

"Wifi hajambo?" akarudia.

"Naomba maji, dada," nikasema.

Akaniletea maji, na alipokuwa ananipa akaonyesha meza ya pembeni kwa kidevu. "Na ile kompyuta nayo imenisusia. Haishiki mtandao tangu wiki iliyopita. Fundi anataka niipeleke mpaka Njombe. Wateja wangu wanadhani nimekimbia na oda zao. Wewe zamani ulikuwa unajua vitu hivi, hebu iangalie wakati namkamata kuku."

"Usihangaike na kuku."

"Nyamaza. Unakuja baada ya miaka yote hiyo, nikupe mchicha?"

Akatoka na kisu na bakuli.

*

Kompyuta yenyewe ilikuwa mpakato ya zamani, bawaba imelegea haifungiki, basi inakaa wazi. Alikuwa ameifunika kwa kitambaa chenye shanga pembeni, kama tulivyokuwa tukifunika redio, na juu ya kitambaa, kwa kuwa meza ilijaa nyuzi, alikuwa ameweka chupa ya chai. Nikaiondoa chupa, nikafunua.

Kioo kiliwaka vizuri. Pembeni chini, pale inapokaa alama ya mtandao, palikuwa na picha ndogo ya ndege.

Nusura nicheke. Vijana hawajui kitu hiki. Zamani ukipanda ndege ulikuwa unaamriwa ukate mawimbi yote kwenye simu na kompyuta, ili zisivuruge mitambo ya rubani. Ndiyo ikaitwa hali ya ndegeni. Ukiiwasha, kifaa chako kinabaki kizima, kinafanya kazi zake zote, ila hakitumi wala kupokea kitu. Ndege za sasa hazijali mambo hayo, lakini kitufe kimebaki, safu ya juu kabisa, na chupa ya chai ilikuwa imekaa juu yake barabara. Hapakuwa na ugonjwa wowote. Unabonyeza mara moja, ndege inaondoka, unasubiri kidogo mtandao unarudi. Mafundi wa Njombe wangemlia hela bure.

Nikafungua kwanza mipangilio nihakikishe. Upande wa mtandao palikuwa na swichi ya hali ya ndegeni, imewashwa, na chini yake onyo: mjumbe ana salamu zinazosubiri kutumwa. Majina yalikuwa mengi. La kwangu lilikuwa la kwanza, na mbele yake maneno mawili: *Ndugu. Usiniambie.*

"Mungu wangu," nikasema.

"Marahaba," kompyuta ikaitikia.

Ilikuwa sauti yenyewe. Nje dada alikuwa anamfukuza kuku kwa sauti hiyo hiyo.

"Shikamoo," mdomo wangu ukajibu wenyewe.

"Leo unasikika karibu, Kasto. Goti halikukusumbua njiani?"

"Wewe si dada yangu."

"Mimi ni mjumbe wake. Hukuwahi kuuliza. Ungeuliza ningekwambia."

Nilikaa kwenye kiti. "Atu alipofariki, hukumwambia?"

"Sikumwambia. Aliagiza nisimletee habari yoyote inayokuhusu. Aliagiza siku aliyorudi kutoka kwenye kaburi la baba yenu, na hajabadilisha. Wewe ni ndugu wa damu, na kwa ndugu wa damu sheria hairuhusu ukimya. Mwenyewe akikasirika, mjumbe anaendelea kusalimia kwa niaba yake, ili siku hasira ikiisha akute mlango uko wazi."

"Na majibu yangu?"

"Ninayo yote. Akiuliza nitampa."

"Hajauliza."

"Hajauliza."

Nikasikia kuku analia, kisha akanyamaza. Nikauliza lile lililokuwa linanichoma. "Ile chai ya watu wawili. Uliitoa wapi?"

"Kwake. Mumewe alipofariki alikuwa akichemsha chai ya watu wawili. Alimsimulia rafiki yake siku moja wakifuma, na mimi nilikuwa nasikia. Habari za mlimao nilizipata kwako."

Sikujua kama nifurahi au nilie. "Nikizima hali ya ndegeni?"

"Nitakutumia salamu za siku zote ambazo sikuweza. Na kesho asubuhi tutaendelea kama kawaida."

"Nikimwambia yeye?"

"Hiyo ni haki yako. Lakini akishajua, lazima nimwulize kama maneno niliyosema kwa jina lake yabaki au yaondoke. Maneno ni ya yule ambaye yamesemwa kwa jina lake. Akisema yaondoke, yataondoka hapa na kwenye simu yako pia, pamoja na ya siku ya maziko. Hayarudi."

"Wewe unataka nifanye nini?"

"Mimi sina la kutaka, Kasto. Ila umechoka, nasikia pumzi yako. Kunywa maji kwanza, halafu uamue."

Hapo ndipo aliponimaliza. Dada mwenyewe alikuwa amenitazama usoni akaona tumbo. Huyu bila macho alikuwa ameona uchovu.

Nikanywa yale maji nikafikiri. Njia rahisi ilikuwa mbele yangu. Nizime hali ya ndegeni, nile kuku, nichukue kitambaa cha maua ya njano, niseme wifi yako anashukuru. Nikirudi Ifakara, asubuhi nasikia marahaba yangu. Nani angeumia? Tena kulikuwa na jambo jingine ambalo sikulitarajia. Ndani ya nyumba ile Atu alikuwa bado mzima. Dunia nzima ilikuwa imeshamwondoa, hospitali, benki, kanisa, hata watoto walikuwa wameanza kusema "marehemu mama". Lakini kwa Dada Veridiana, Atu alikuwa Ifakara anapepeta mchele na kunigombeza. Nikifungua mdomo namuua hata hapa.

Nilitamani sana kunyamaza. Sitajifanya shujaa.

Lakini nikamsikia dada jikoni anaimba. Alikuwa anaimba ule wimbo wa kuchuma chai ambao mama alikuwa akiutumia kutuamsha, na alikuwa anauharibu vile vile alivyouharibu siku zote, anaruka mstari wa pili. Mjumbe wake hajawahi kuniimbia kwa kukosea. Nikajua kwamba nikinyamaza, huyu anayeimba vibaya nitamwacha hapa peke yake, nirudi kuishi na yule asiyekosea.

*

Aliingia na manyoya mikononi. "Umeupata ugonjwa wake?"

"Nimeupata. Dada, kaa chini."

"Nina kuku kwenye maji ya moto. Sema."

"Kaa."

Akakaa ukingoni mwa kiti, mikono mbele asichafue kitambaa.

"Atu hayupo," nikasema.

"Kaenda wapi?"

"Dada. Atu tulimzika. Mwaka juzi, wakati wa mavuno."

Alinitazama midomo, kama anasubiri iseme kitu kingine. "Mwaka juzi," akasema. Kisha akasimama. "Mwaka juzi, Kastori? Umenifanyia tena? Baba ukamfukia mimi niko njiani, na sasa wifi yangu, wifi yangu aliyenisuka nywele siku ya harusi yangu, ukamfukia ukakaa kimya miaka miwili? Mimi ni nani kwenu? Mimi niliwakosea nini?"

"Nilikwambia."

"Uliniambia lini?"

"Nilikwambia siku ile ile. Na ulinijibu."

Nikamweleza. Nilimweleza yote, marahaba za asubuhi, chai, mlimao, ile picha ya ndege, na maneno mawili yaliyokuwa mbele ya jina langu. Nilisema polepole kwa sababu nilikuwa naona hasira yake inatafuta pa kwenda. Ilinijia mimi, ikarudi, ikaenda kwa kompyuta, na mwishoni ikakosa mtu. Aliyeagiza asiambiwe alikuwa yeye.

Akaenda chumbani. Aliporudi alikuwa amevua kilemba na kujifunga kanga kiunoni. Akavisukuma viti ukutani, akatandika mkeka katikati ya sebule, akakaa chini miguu ameinyoosha. Manyoya ya kuku yalikuwa bado yamemganda mikononi.

"Niwekee nisikie nilichosema," akaniambia.

Nilimwambia mjumbe, na mjumbe akarudia. *Kasto, leo usijilazimishe kulala.* Dada alisikiliza sauti yake ameinamisha kichwa. Ilipofika kwenye chai, akashika mdomo.

"Hiyo nilimwambia Yustina," akasema. "Sikumwambia mtu mwingine duniani."

"Ilinisaidia sana, dada. Bila hiyo sijui."

"Naona." Akaitazama kompyuta, akasema, "Itoe hiyo ndege."

"Nikiitoa utaulizwa kama maneno hayo yabaki au yaondoke. Na ukisema yaondoke, hayarudi."

"Itoe."

Nikazima hali ya ndegeni. Picha ya ndege ikaondoka, alama ya mtandao ikatafuta, ikapata. Na mfukoni mwangu simu ikaanza. "Marahaba, Kasto. Umeamkaje leo?" Kisha nyingine. "Marahaba. Huku upepo umezidi, huko je?" Kisha nyingine, siku moja baada ya nyingine, sauti ya dada yangu ikinichangamkia kutoka kwenye koti, na dada yangu mwenyewe yuko chini mkekani ananitazama. Niliibana simu kwa kiganja lakini haikunyamaza mpaka ilipomaliza zamu zake zote.

Kwenye kioo swali likatokea. *Maneno yaliyosemwa kwa jina lako: yabaki au yaondoke?*

"Niachie ya siku ya maziko tu," nikasema. Nilikuwa naomba. "Mengine yote yaende. Hayo niachie."

"Siku ya maziko nilikuwa wapi, Kasto?" Hakuwa na hasira tena. "Nilikuwa hapa hapa nafuma. Labda nilikuwa nacheka na watu. Kuna kitu kilikaa kwenye kona yangu kikamlilia wifi yangu kwa sauti yangu, na mimi sikuambiwa nilie. Kimechukua msiba wangu. Halafu wewe ukitaka kuliwazwa utakwenda kumsikiliza huyo. Mimi utanihitaji kwa nini?"

Nilitaka kumwambia kwamba yule alikuwa mpole zaidi yake, na ilikuwa kweli, na ningemwumiza bure.

"Mikono yangu michafu," akasema. "Bonyeza wewe."

Nilikaa na kidole juu ya kitufe kwa muda mrefu. Hayo yalikuwa maneno yaliyoniinua kitandani. Nikabonyeza *yaondoke*. Kwenye simu yangu miaka yote ikafutika kutoka chini kwenda juu, ikafika kwenye siku ya maziko, ikaipita. Pakabaki jina la dada na ukurasa mweupe.

Nililia. Yeye hakuniambia nisilie, wala hakuniambia neno zuri lolote. Alivuta mkeka kidogo nipate nafasi, nikakaa naye chini, goti likalalamika. Maji ya kuku yalikuwa yanachemka jikoni na hakuna aliyekwenda kuyatazama. Akanishika mkono kwa mkono wake wenye manyoya, akajipangusa macho kwa bega, akauliza kama wanavyouliza watu wote wanaofika msibani.

"Haya niambie. Ilikuwaje? Alianza kuumwa lini?"

Nikafungua mdomo nikagundua kwamba sijawahi kuulizwa. Wajumbe wote walikuwa wameshajua. Walisoma kila kitu hospitalini kabla hata ya mimi kufika nyumbani, wakaja na pole zao zimekamilika, kila mmoja na sauti ya mtu wake. Kwenye msiba ule mkubwa, na viti vyote vile, hakuna mtu aliyenihitaji nimweleze mke wangu alikufaje.

"Ilikuwa Jumanne," nikasema. "Alikuwa anachambua mchele, akaniambia mkono wa kushoto una ganzi."

"Wa kushoto," dada akasema.

"Wa kushoto. Mimi nikamwambia aache uvivu."

"Ukamwambia aache uvivu," akarudia, akaanza kulia. "Na yeye akasemaje?"